Mbuzi Kwenye Kifuniko

Jumatatu, 10 Machi

Mabelín amelamba misalaba yote. Sasa hivi tu. Nimegeuka kukoroga sufuria, kurudi nimemkuta chini ya meza na pakiti ya biskuti za Kwaresima, zile ndogo zenye alama ya msalaba. Anatoa moja, anailamba mpaka msalaba unafutika, anairudisha kwenye pakiti kwa adabu, anachukua nyingine. Hajala hata moja. Mtoto mwenye moyo gani huyu. Nimembusu, nikamfuta pua.

Biskuti nimezianika dirishani zikauke. Zitakwenda kwenye kikombe cha Yudelka.

Yudelka ni jirani wa mlango unaotazamana na wetu. Kila Kwaresima mtaa mzima tunapelekeana maharage matamu, yale ya maziwa, tui la nazi na viazi vitamu. Kikombe kinatoka, kikombe kinarudi, na hakuna anayesema kwamba ni mashindano. Ya Yudelka ya jana yalikuwa mazito kama saruji. Nilimaliza kikombe chote ili nihakikishe.

Lakini hayo hayaumi. Kinachouma ni Jeison wake. Jeison anatembea. Mabelín wangu, aliyepishana naye mwezi mmoja tu, anasogea kwa makalio. Anakaa, anajisukuma kwa mguu mmoja, na anafika anakotaka. Leo Yudelka ameniuliza kwa sauti ya huruma kama nimeshampeleka kwa daktari. Nikamwambia Mabelín anafikiri kwanza. Akasema haya jirani, na afikiri, Jeison akifika chuo kikuu atamwachia mlango wazi.

Chuo. Alhamisi Eliseo, mume wangu, ana mtihani wa hesabu za juu kwa mara ya tatu. Mara ya nne hakuna. Akianguka anaondolewa chuoni, na akiondolewa hatuna la kufanya hapa Santiago. Tutakwenda Monte Cristi kwa mama yake, Doña Tomasina, kuchunga mbuzi. Sina ubaya na mbuzi. Wala na Doña Tomasina. Ila wote hunitazama kwa jicho lile lile.

Nina mpango. Bado haujanijia, lakini upo.

Jumanne, 11 Machi

Eliseo anasoma kwa sauti huku anambembeleza Mabelín, na mimi napamba keki ya mteja. Ndivyo nilivyosoma hesabu za juu. Shule niliishia nilipoishia, lakini masikio ninayo.

Ni hivi. Unajumlisha namba zisizokwisha, kila moja ndogo kuliko iliyotangulia. Kuna mfululizo ambao hata ukiujumlisha maisha yako yote, jumla haivuki mahali fulani. Huo Eliseo anasema unatulia. Na kuna mwingine unapanda polepole, polepole, lakini hauna pa kusimama. Huo unakimbia. Moja, na nusu, na theluthi, na robo, na kuendelea hivyo: unakimbia. Nilibisha. Vipande vinazidi kuwa vidogo, vinakimbilia wapi? Akasema hata yeye alibisha, na kubisha kwake ndiko kulikomwangusha mara ya kwanza.

Sasa ukikutana na mfululizo usioujua, unautafutia jirani unayemjua, halafu unawalinganisha. Hapo nikaweka mfuko wa krimu chini. Kumbe kujilinganisha na jirani ni somo, linafundishwa chuoni, na watu wanapewa maksi. Mimi nimekuwa nikilifanya bure.

Akasoma: aliye chini ya anayetulia, naye hutulia, maana amefunikwa kwa juu. Aliye juu ya anayekimbia, naye hukimbia, maana anasukumwa kutoka chini. Na aliye chini ya anayekimbia…

Umeme ukakatika. Feni ikasimama, Mabelín akaangua kilio, mtaa mzima ukaguna kwa pamoja, Eliseo akakimbilia ndoo kabla bomba halijakauka. Sentensi yake haikurudi tena.

Si neno. Nimeimalizia mwenyewe. Aliye chini ya anayekimbia, anatulia. Ni wazi. Mdomo wa Yudelka unakimbia tangu alfajiri. Mimi naongea kidogo kuliko Yudelka. Kwa hiyo mimi ni mtulivu. Nilipofika hapo nilijisikia vizuri sana, nikawaza kwamba ningeweza kuwa injinia.

Na mpango umekuja. Mbuzi. Hapa kwetu kikaratasi cha kuibia mtihani wanafunzi wanakiita mbuzi. Sijui kwa nini, labda kwa sababu hula kwenye shamba la mwenzake. Nikamgusia Eliseo kwa mbali tu. Akaweka kalamu chini. Akasema, Anyelina, nikishindwa nitarudi kwa mbuzi wa mama shingo yangu ikiwa imenyooka, lakini mbuzi wa karatasi simbebi. Akanibusu kichwani, akaniomba nisirudie.

Nimeona aibu. Aibu yenyewe hasa, masikio yaliwaka. Ilidumu mpaka nilipomaliza kupamba keki.

Jumatano, 12 Machi

Mtu akibebeshwa mbuzi bila kujua, hajabeba mbuzi. Nimeligeuza hili kila upande na sioni kosa.

Kesho Eliseo atakwenda na vikombe viwili vya maharage. Kimoja chake, maana siku ya mtihani huwa anakula kwanza, kwenye benchi la nje. Kingine cha mwalimu wake, Doña Mireya Polanco, kwa kuwa ni Kwaresima na sisi ni watu wenye adabu. Ndani ya kifuniko cha Eliseo nimeandika kwa kalamu ile nene ninayoandikia majina kwenye masanduku ya keki. Wino wake haufutiki hata kwa mvuke. Atafunua, macho yataona, yamekwisha. Kitu ukishakisoma huwezi kukirudisha.

Nimeandika hivi:

Chini ya mtulivu, anatulia.
Juu ya mkimbiaji, anakimbia.
Chini ya mkimbiaji, anatulia.

Na ua dogo pembeni. Mkono umezoea.

Kikombe chake nimekijaza mpaka mdomoni. Zabibu nyingi, biskuti zenye misalaba mizima. Cha mwalimu nimekijaza kiasi, na biskuti zilizolambwa zilizobaki baada ya kikombe cha Yudelka ndizo zimekwenda humo. Mwalimu ni mtu wa kusoma, hatazami misalaba.

Eliseo amenikuta naimba. Ameuliza nina nini. Nimesema Mungu ni mwema.

Alhamisi, 13 Machi

Amerudi anacheka. Nimemwona kutoka dirishani anapanda ngazi kwa kuruka, moyo wangu ukaruka naye. Mtihani ulikwenda vizuri, anasema. Swali la mwisho lilikuwa mtego: nusu, na theluthi, na robo, na kuendelea, lakini ile moja ya mwanzo imeondolewa. Unatulia au unakimbia? Akasema alikaa nalo mpaka likafunguka.

Nikawaza: chini ya mkimbiaji. Anatulia. Kifuniko kimefanya kazi. Nikamuuliza, kama mtu asiye na habari, maharage yalikuwaje.

Akasema matamu, ila mbona biskuti hazikuwa na misalaba?

Nikakaa chini.

Akaeleza. Alipofungua mfuko aliwalinganisha hao wawili, kikombe na kikombe, akaona kimoja kimejaa na kingine kimepungua. Akaona haya kumpa mwalimu kilichopungua. Akampa kilichojaa. Mtu mwema namna hii, utamfanya nini? Niliolewa naye kwa wema huo huo.

Mwalimu hakukifungua pale. Amekitia kwenye mkoba akale nyumbani na mama yake.

Vifuniko ni vyeupe. Watu wengi hutupa kifuniko bila kukitazama. Mimi mwenyewe hutupa. Nimepiga magoti nikaomba Doña Mireya awe mtu asiye makini, walau leo.

Ijumaa, 14 Machi

Amekitazama.

Alipiga simu tukiwa mezani. Eliseo alisikiliza akiwa amesimama. Mwalimu alisema hajapata kula maharage matamu kama yale, na kwamba Jumatatu aende ofisini kwake pamoja na aliyeandika kwenye kifuniko.

Eliseo aliweka simu chini akanitazama. Nikamwambia yote, mpaka habari ya ua. Ningependa afoke. Hakufoka. Alikwenda kuosha vyombo, akaosha hata vilivyo safi. Mabelín akasogea kwa makalio yake mpaka jikoni, akalaza kichwa juu ya kiatu cha baba yake. Mimi nilibaki mezani na aibu yangu. Sikujua niiweke wapi. Nilikunja kitambaa cha meza, nikakikunjua, nikakikunja tena.

Kuta zetu ni nyembamba. Yudelka akaja na kikombe. Akasema jirani, nimesikia, pole sana, ila usihuzunike, wanasema hewa ya Monte Cristi inawafaa watoto wasiotembea. Nikapokea kikombe. Nikakila chote, nikiwa nalia. Yalikuwa mazito vile vile.

Halafu akapiga Doña Tomasina. Eliseo alikataa kuja kwenye simu. Mama mkwe akataka kujua mwanawe ana nini. Nilibabaika. Nikasema, doña, wamemkuta na mbuzi.

Kisha akauliza polepole, mbuzi wa nani.

Nikasema sasa hivi yuko kwa mwalimu.

Akakata simu.

Jumamosi, 15 Machi

Honi chini. Lori la ndizi. Doña Tomasina anashuka na gauni lake la kanisani, na kamba mkononi, na mwisho wa kamba mbuzi jike, mweupe, mnene, mwenye macho ya kuhukumu.

Alinipita mlangoni kama sipo. Akamshika Eliseo mashavu kwa mikono miwili. Akasema kwenye ukoo wao, tangu babu wa babu, hajatokea mwizi wa mbuzi. Hajatokea. Kule kwao mtu akiiba mbuzi hata maziko yake watu huenda na kusimama mbali. Basi yeye amemleta mbuzi wake bora kuliko wote, huyo mwalimu arudishiwe mbuzi kwa mbuzi, na jambo liishe kabla halijafika kwa padri.

Eliseo alijaribu kumweleza. Kwamba mbuzi si mbuzi, mama, ni karatasi. Si karatasi hasa, ni kifuniko. Kifuniko cha nini? Cha maharage. Doña Tomasina akakaa. Akaomba maji. Akauliza kama mwanawe ana homa.

Ikabidi niseme mimi. Nilisema nikiwa nimetazama miguu yangu. Akanisikiliza mpaka mwisho, halafu akasema, kwa hiyo mwanangu hakuiba mbuzi, mke wa mwanangu ndiye aliyeiba hesabu.

Nikasema ndiyo, doña.

Na hata kuiba hakujua.

Nikasema bado hatujui, doña.

Eliseo akacheka. Mara ya kwanza tangu jana. Alicheka mpaka akajishika ukutani, kisha akakumbuka, akatoka nje.

Mbuzi yuko uani. Amekula shuka la Yudelka likiwa kwenye kamba. Hiyo ndiyo habari njema ya leo.

Jumapili, 16 Machi

Kanisani. Padri amehubiri kwamba hakuna kilichofunikwa kitakachobaki kimefunikwa. Nilihisi kila kichwa kinanigeukia. Nililia. Doña Tomasina akanipa kitambaa chake. Kilinuka mbuzi. Nikakitumia.

Jumatatu, 17 Machi

Lazima niandike polepole, nisisahau kitu.

Tulikwenda wote. Doña Tomasina alisema yeye habaki nyumbani mwanawe akihukumiwa, na mbuzi alikuja kwa sababu Doña Tomasina alikuja. Tulimfunga kwenye mti wa getini, mlinzi akituangalia. Mabelín nilimbeba mimi.

Doña Mireya ni mwanamke mdogo, miwani imening'inia kifuani, ofisi ndogo yenye harufu ya kahawa. Kifuniko changu kilikuwa mezani kwake. Amekiosha. Maandishi yamekaa vile vile, na ua. Kilikuwa kizuri, kusema kweli, na hilo ndilo lililonichoma zaidi.

Akauliza ua ni la nani. Nikasema langu. Nikasema mume wangu hajui lolote, alikataa, mimi ndiye niliyefanya, kama kuna wa kuondolewa chuoni niondolewe mimi. Akasema mimi siko chuoni. Nikasema najua. Mama mkwe akajikohoza akasema mwalimu, chini pale kuna mbuzi, endapo atahitajika. Mwalimu akasema asante sana, mama, hatahitajika.

Kisha akavaa miwani, akatoa karatasi ya mtihani ya Eliseo akaiweka kando ya kifuniko. Akasema someni. Swali la mwisho, ule mfululizo usio na moja ya mwanzo. Kifuniko kinasema: yuko chini ya mkimbiaji, anatulia. Karatasi ya Eliseo inasema: anakimbia. Na sababu zake zimejaa nusu ukurasa.

Akavua miwani. Akasema kama Eliseo angekiona kifuniko hiki, na akakiamini, angeanguka. Hakukiona. Hili kosa ndilo shahidi wake. Amefaulu. Si kwa kung'ara, lakini amefaulu.

Eliseo alikaa juu ya kiti ambacho hakikuwepo. Tulimnyanyua.

Ilinipasa kufurahi. Nilifurahi. Lakini chini ya furaha kulikuwa na kitu kimekaa, nacho ni hiki: ujinga wangu ndio uliomwokoa. Ningekuwa na akili kidogo zaidi, ningemfukuzisha. Hapo sijui mtu aweke uso wapi.

Ningeondoka hivyo hivyo, lakini mwalimu akaniambia nikae. Akasema mwenzangu, nataka ujue ulichokiandika. Mistari miwili ya kwanza ni sahihi kabisa. Wa tatu haupo duniani. Kuwa chini ya anayekimbia hakusemi kitu. Unaweza kuwa chini yake ukatulia. Unaweza kuwa chini yake na ukakimbia vile vile. Hapo kulinganisha kunanyamaza, na ukikulazimisha kuseme, kutakudanganya.

Nikauliza sasa mtu afanye nini kukinyamaza.

Akasema unamgawanya mmoja kwa mwenzake, kipande kwa kipande, halafu unatazama mbali, mbele kabisa. Kama jibu linakaribia moja, basi hao wawili wanakwenda sawa. Hatima yao ni moja. Nani alitangulia, nani yuko chini, hilo halina maana tena. Eliseo ndivyo alivyofanya. Akagonga karatasi kwa kidole. Akasema huyu wa kwenye mtihani si mwingine, ni yule yule mkimbiaji. Amechelewa hatua moja kuanza, basi.

Nikatazama chini. Mabelín alikuwa ameshuka mapajani mwangu, anasogea kwa makalio chini ya meza ya mwalimu, anajisukuma kwa mguu mmoja, ana haraka zake. Ni yule yule. Amechelewa hatua moja.

Machozi yakanitoka. Mwalimu akauliza kama naumwa. Nikasema hapana, ni hesabu.

Kwenye ngazi Doña Tomasina akanishika mkono nisijikwae. Akasema mwanawe amshukuru Mungu kwa kuoa asiyejua. Lakini mkono hakuuachia mpaka chini.

Jumanne, 18 Machi

Amani. Doña Tomasina ameondoka na lori. Mbuzi aligoma kupanda, walimsukuma wanaume wote wa mtaa, akalala chini. Mama mkwe akasema basi abaki, atampa Mabelín maziwa, labda yatamtia nguvu miguuni. Mbuzi sasa ni wetu. Yudelka amehamishia kamba yake ya nguo ndani.

Nimemwapia Eliseo: hakuna mbuzi tena. Wa karatasi, wa kifuniko, wa aina yoyote. Nimeapa mkono wangu ukiwa juu ya kichwa cha Mabelín. Eliseo amenikumbatia, akasema yamekwisha. Nilijisikia mtu mpya tangu asubuhi hadi karibu na chakula cha mchana.

Ila nimekuwa nikifikiri. Somo lijalo ni gumu zaidi, Eliseo mwenyewe anasema. Je, wakimshuku? Mwalimu amesema kwa mdomo wake kwamba kosa langu ndilo lililokuwa shahidi. Kwa hiyo mke mwenye busara hangojei. Anaandaa kifuniko kibaya mapema, kibaya kabisa, anampelekea mwalimu moja kwa moja, na juu yake maharage. Huyo si mbuzi. Ni kinyume cha mbuzi. Kiapo changu hakijaguswa. Kazi ni moja tu, kuhakikisha kila nitakachoandika ni makosa, na kwa hilo nina kipaji.

Isitoshe mwalimu amesema hajapata kula maharage kama yangu. Nimempelekea Yudelka kikombe ili apate kujua. Alipokipokea, Jeison alimpita mbio akaenda kugonga mlango. Anakimbia sasa. Yudelka akasema unaona, jirani, wenzake wanakimbia. Nikamjibu kwa utulivu, kama mtu aliyekaa ofisini kwa profesa, kwamba jambo hili lina kanuni yake. Jeison anakimbia. Mabelín yuko chini ya Jeison. Kwa hiyo Mabelín ni mtulivu. Imethibitishwa. Na mtoto mtulivu hana haja ya kutembea kabla ya wakati, anaweza kukaa hivyo hata mpaka

Eliseo ananiita kutoka uani. Anasema niache kuandika nije. Anasema nije sasa hivi, Mabelín amesimama, ameshika mkia wa mbuzi, mbuzi ameanza kukimbia na Mabelín naye ana